Fundi wa Mapigo wa Ghorofa ya Tatu

Kwa miaka ishirini na saba Huguette Vuillemin alilipwa kwa kusikiliza saa. Katika kiwanda kilichokuwa ng'ambo ya mto Doubs, yeye na wanawake wengine arobaini walikaa kwenye meza ndefu zilizoelekea madirishani, kila mmoja na lenzi jichoni na kibanio mkononi, wakirekebisha ile kamani ndogo, nyembamba kama unywele, inayoipa saa pumzi yake. Saa ikikimbia, uliirefusha kamani kidogo, ikizembea, uliifupisha. Kabla ya kuiachia uliisogeza sikioni kuhakikisha kwamba tiki na taki zimelingana. Saa iliyotoa tiki kwa wakati na taki kwa kuchelewa ilisemwa kuwa inachechemea, na saa inayochechemea ilirudishwa mezani kwako mbele ya wenzako wote.

Mama yake, Berthe, alikuwa amefanya kazi hiyohiyo kabla yake, meza ya tatu kutoka mlangoni. Ndiye aliyemfundisha, akiwa mkali kuliko msimamizi yeyote.

Kisha zikaja saa za betri. Saa hizo hazimtaki mtu wa kuzisikiliza. Mwaka wa sabini na nane chumba cha marekebisho kikafungwa, meza zikauzwa, na Huguette akarudi nyumbani na lenzi yake mfukoni akiwa na umri wa miaka arobaini na saba. Hakuwa na mume wala mtoto. Alikuwa na mama yake, vyumba viwili na jiko kwenye ghorofa ya tatu mtaa wa Battant, na mikono ambayo hakuna aliyeihitaji tena mjini Besançon. Akachukua kazi ya kuwapigia watu pasi. Kila Jumatatu duka la dobi lilimletea vikapu vya mashati, na kila Ijumaa likaja kuvichukua. Mashati yake hayakuwa na kasoro. Hakuna aliyewahi kumwambia hivyo, naye hakutarajia.

Mambo yalianza Januari ya mwaka wa themanini na mbili, siku ya Jumatano, saa nane mchana. Chini yake, ghorofa ya pili, alikuwa amehamia fundi wa televisheni aitwaye Fabrice Jeannerot, mwanamume wa miaka thelathini na minne, mrefu, mwenye sweta zilizotoboka viwiko. Kila Jumatano na Jumamosi mchana alikuja kwake mwanamke mmoja mfupi, Nadège Cuenot, aliyeuza tiketi kwenye bwawa la kuogelea la manispaa. Wakifunga mlango, sakafu ya Huguette ilianza kudunda. Dum, ta, dum, ta. Juu ya dundo hilo likapita kinanda cha umeme chenye sauti kama ya filimbi iliyopata mafua, kisha sauti ya Nadège, ndogo, isiyotaka kumsumbua mtu.

Huguette alikuwa anapiga pasi. Hakuusikiliza muziki ule, ila mkono wake ulikuwa umekwisha kuingia ndani ya mapigo bila kuomba ruhusa: kola kwa dum, mkono wa shati kwa ta. Wimbo ulipokuwa unakaribia mwisho akahisi kwamba mkono wake unakawia. Akatua pasi. Walipouanza upya, akatazama saa yake na kuhesabu. Mwanzoni yalikuwa mapigo mia moja na kumi na nane kwa dakika. Mwishoni yalikuwa mia moja na kumi na nne.

Akavua aproni, akashuka, akagonga mlango.

Fabrice alifungua akiwa na uso wa mtu aliyekwisha kujua kosa lake. "Samahani sana, Bibi Vuillemin. Tunapunguza sauti sasa hivi. Nadège, punguza."

"Sikuja kwa ajili ya sauti," Huguette akasema. "Kinachelewa."

"Nani anachelewa?"

"Hicho chenu kinachopiga. Kinaanza vizuri halafu kinachoka. Mnapoteza mapigo manne kila dakika."

Fabrice na Nadège wakatazamana. Kisha Fabrice, badala ya kukasirika, akaketi juu ya televisheni mbovu na kushika kichwa. "Miezi mitatu," akamwambia Nadège. "Miezi mitatu nakuambia kuna kitu, nawe unaniambia ni masikio yangu."

"Nilidhani ni mimi," Nadège akasema. "Nilidhani ndimi ninayekimbilia mbele. Nimekuwa nikijifunza kuimba polepole."

Wakamkaribisha ndani. Chumba kilijaa matumbo ya redio na televisheni. Kwenye meza palikuwa na kisanduku cha mbao, Fabrice alichokitengeneza mwenyewe kutokana na vipuri, chenye swichi kumi na sita na taa moja nyekundu. Hicho ndicho kilichopiga ngoma. Kilikuwa kimewekwa juu ya amplifaya ya zamani, ya kukuza sauti kwa taa za kioo. Huguette akauweka mkono wake chini ya kisanduku, akautoa haraka.

"Mmekiweka juu ya jiko," akasema. "Hata mimi ningechoka."

Nadège akacheka, na kicheko chake kilikuwa kikubwa mara tatu ya sauti yake ya kuimba. Huguette akajikuta anatabasamu. Akaomba bisibisi.

Kukihamisha kisanduku kulipunguza tatizo bila kuliondoa, kwa sababu hata chumba chenyewe kilipata joto wakiwa watatu ndani na hita inawaka. Huguette hakuujua umeme, ila alilijua joto. Akamweleza Fabrice walivyofanya kwenye saa: chuma kimoja kinatanuka kwa joto na kuiburuta saa nyuma, basi unakiwekea kingine kinachoisukuma mbele kwa kiasi kilekile, na vile viwili vinagombana mpaka mwisho bila mshindi. Fabrice akamsikiliza mdomo wazi. Akafungua droo zake na kumwaga mezani vipuri vidogo vya rangirangi. "Hivi navyo viko vya namna mbili," akasema. "Vingine vinazidi kwa joto, vingine vinapungua. Sikuwahi kufikiria kuvigombanisha."

Wiki tatu Huguette alishuka kila mchana mashati yalipokwisha. Alikuja na lenzi yake. Fabrice alimfundisha kulehemu siku moja, na siku ya pili yake Fabrice akaacha kulehemu mwenyewe, kwa kuona aibu mbele ya mikono yake. Huguette alifungua na kufunga, akapima kwa saa, akahesabu, akaandika namba kwenye migongo ya bahasha za dobi. Alikuwa akipanda ngazi jioni na mabega yamenyooka, harufu ya risasi iliyoyeyuka nguoni.

Berthe aliinusa harufu hiyo.

"Unatoka wapi?" akamuuliza. Alikuwa na miaka sabini na tisa, mwembamba, macho yamefifia, masikio bado mazima.

"Chini, Mama. Namsaidia jirani kurekebisha kitu."

"Kitu gani?"

"Kisanduku cha muziki."

"Cha umeme?"

Huguette akageuka kutundika koti, na kwa mama yake hilo lilikuwa jibu tosha.

"Umeme ndio uliotutoa mezani," Berthe akasema. "Umeme ndio uliomfanya mwenzako Ginette akaoshe vyombo hospitalini na wewe ukapige pasi mashati ya wanaume usiowajua. Leo umeuendea wenyewe, na mikono niliyokufundisha mimi, unauambia njoo nikuonyeshe namna ya kwenda sawasawa."

"Mama, ni kisanduku cha ngoma."

"Kinahesabu?"

"Ndiyo, kinahesabu."

"Basi ni kilekile."

Siku nne Berthe hakusema neno ila kuomba chumvi. Kwenye meza ile ndogo, sahani ya viazi na jibini ya kuyeyuka katikati yao, Huguette alimsogezea chumvi hiyo na kuendelea kula. Huguette alikuwa mtu mzima wa miaka hamsini na moja, lakini alipokuwa akiosha vyombo machozi yalimtoka kama ya msichana mgeni wa kazi aliyerudishiwa saa mezani. Hata hivyo siku ya tano akashuka. Hakujua angemweleza vipi mama yake: kwamba hakushuka kwa kuupenda umeme, bali kwa sababu kule chini mtu alimwuliza swali, akangoja jibu lake.

Siku hiyo Nadège alikuwa peke yake, Fabrice amekwenda kurudisha televisheni ya mteja. Alikuwa ameketi sakafuni na daftari, amekwama. Muziki ulikuwa tayari lakini maneno yake, alisema, yalikuwa maneno ya kila mtu: nyota, usiku, moyo.

"Hebu niambie kitu chochote, Bi Huguette. Kile mlichokuwa mkirekebisha kiwandani, kilikuwaje?"

"Kidogo. Ukipumua vibaya kinaruka. Ginette aliwahi kukipoteza kimoja, tukatafuta chumba kizima, wanawake arobaini tumepiga magoti. Tulikikuta kwenye bega la msimamizi, kimejikunja juu ya koti lake kama unywele. Hakuna aliyethubutu kumgusa bega. Yule mzee alikuwa mjane, na alipogundua tunamtazama bega aliona haya, akidhani ni unywele wa mwanamke."

Nadège hakucheka. "Ulikuwa?" akauliza.

"Nini?"

"Wa mwanamke. Alikuwa na mtu?"

Huguette akafikiri. Haikuwa imemjia akilini miaka yote. "Sasa unaponiuliza," akasema polepole, "alitazama kwanza upande wa Ginette."

Wimbo ukapewa jina la "Unywele". Ulimwimba mtu aliyekuta unywele mmoja kwenye koti lake baada ya mpenzi kuondoka, asijue autupe au auache. *Hauna uzito, na bega linauma*, ndiyo mistari iliyorudiwa, na Nadège aliiimba kwa sauti yake ileile ndogo, kama mtu anayezungumza na koti.

Jumamosi ya mwisho ya Februari walikuwa tayari kurekodi. Kisanduku kilikwenda mia moja na kumi na nane mwanzo na mia moja na kumi na nane mwisho, chumba kikiwa baridi au moto. Fabrice akawasha mashine ya kanda. Katikati ya wimbo dari likagongwa. Mara tatu, kwa fimbo.

"Mama yako," Fabrice akasema. "Tumezidisha sauti."

Huguette akapanda ngazi mbilimbili. Berthe alikuwa amesimama katikati ya jiko, fimbo mkononi, kichwa ameinamisha upande.

"Kinachechemea," akasema.

"Mama?"

"Kinakwenda na wakati, nakubali. Nimekihesabu tangu asubuhi, sikuwa na kazi nyingine. Lakini kinachechemea. Pigo la pili linachelewa. Husikii? Au nilikufundisha bure?"

Huguette akasikiliza kupitia nyayo zake. Fabrice alikuwa ameuanza wimbo upya. Dum, ta. Dum, ta. Na kweli, ile ta ilikuja nyuma ya mahali pake, kwa kiasi ambacho hakuna kipimo chao kingekionyesha. Alikuwa ameshughulikia mwendo kwa wiki zote hizo, akasahau ulinganifu. Uso ukamwaka kwa haya.

"Nakwenda kurekebisha," akasema.

"Nishike mkono," Berthe akasema. "Twende wote. Ngazi hizi zitaniua, lakini siwezi kukaa juu ya kitu kama hicho."

Ilichukua muda kushuka. Fabrice akatoa kiti chake kizuri, cha pekee kisichokuwa na waya juu yake. Nadège akamfunika kikongwe magoti kwa koti lake. Berthe hakumshukuru yeyote. Alikitazama kisanduku jinsi mtu anavyomtazama mkwe asiyemtaka, akasema, "Haya. Kipige."

Huguette alikuwa amekwisha kuigundua sababu: waya mmoja, uliolehemiwa na Fabrice zamani kabla ya ujio wake, kwa tone kubwa la risasi kama kinyesi cha njiwa. Kuurekebisha kungechukua dakika tano. Alikuwa ameshika chuma cha kulehemu tayari pale Fabrice aliposema, kwa sauti ya kuomba:

"Bibi Berthe, mimi nakipenda hivyo. Sijui kwa nini. Kikienda sawa, najisikia kama nimesimama mbele ya ofisa. Kikichelewa kidogo pale, bega langu linashuka."

"Kwenye kazi yetu ningekurudishia mezani," Berthe akasema.

"Najua, Bibi."

"Mbele ya watu."

"Naam, Bibi."

Huguette alisimama kati yao. Miaka ishirini na saba ya kuondoa kuchechemea ilikuwa imemkaa vidoleni. Kuiacha kasoro anayoijua kulimuuma mwilini, kama kutoka nje na kiatu kimoja. Akamtazama mama yake. Berthe alikuwa amefumba macho, akisikiliza. Wimbo ukaenda mpaka mwisho. Ukaanza tena. Nadège aliimba kwa midomo tu, bila sauti, ili asimsumbue. Mara Huguette akaona kidole cha mama yake juu ya fimbo. Kilikuwa kinainuka na kushuka, na hakikushuka mahali palipo sawa. Kilishuka pale pigo lilipochelewa, kikilingoja.

"Kiache," Berthe akasema, macho bado yamefumba. "Saa ni ya kumwambia mtu ukweli. Hiki si saa."

Huguette akatua chuma chake kwenye kishikio.

Santuri mia tano zilitengenezwa kwa fedha walizochanga watatu. Karatasi za jalada zilifika zikiwa bapa, zikahitaji kukunjwa na kugundishwa, na hapo Huguette akawaita wanawake wa zamani. Walikuja sita, na Ginette mbele yao, mkubwa na mchangamfu, mikono imechubuka kwa sabuni ya hospitali. Walikaa jikoni Jumapili mbili mfululizo wakikunja, na kunyooka kwa zile pembe kungempendeza msimamizi. Nyuma ya jalada, kwa herufi ndogo, paliandikwa: Sauti, N. Cuenot. Mashine, F. Jeannerot. Mapigo, H. Vuillemin.

Ginette aliusoma mstari ule, akausoma tena. "Miaka ishirini na saba," akasema, "na hakuna saa hata moja iliyoandikwa jina letu."

"Na huo unywele," Huguette akamwambia bila kumtazama, "Nadège aliuliza ulikuwa wa nani."

"Nadège ana maswali mengi," Ginette akasema, akawa mwekundu mpaka masikioni, akachukua rundo jingine la karatasi.

Mwaka ule kila mji ulikuwa na redio yake mpya ya vijana, wakitangaza kutoka darini na vyumba vya kufulia. Redio ya Besançon iliupiga "Unywele" Jumatano moja ya Aprili, kisha ikaupiga kila siku, kwa sababu watu walipiga simu. Uwanja wa kuteleza kwa viatu vya magurudumu huko Planoise uliupiga mara sita kwa jioni moja. Mwenye uwanja alimwambia Fabrice kwamba kuna nyimbo zinazowaangusha watu na nyimbo zinazowaning'iniza, na huu unawaning'iniza: kila mtu anakaa hewani kidogo kabla ya hatua ya pili. Mwezi Juni ikaja barua kutoka kampuni ya Paris, iliyotaka kuutoa upya nchi nzima. Kufikia Septemba ulikuwa wa thelathini na moja kwenye orodha ya wiki, na Nadège hakuweza tena kukata tiketi za bwawa bila mtoto fulani kumwimbia dirishani kuhusu bega.

Gazeti moja la muziki la Paris liliandika juu yake. Fabrice alilileta akiwa amekunja uso. Mwandishi aliusifu wimbo, lakini alisema uzuri wake ni wa baridi, wa wakati ujao. Kwamba katika mapigo yale hakuna mkono wa mtu uliogusa chochote.

"Nitamwandikia," Nadège akasema. "Nitamwambia mkono ni wa nani, anaishi ghorofa gani, na jibini gani anakula."

Huguette alilisoma akiwa amesimama kando ya pasi yake. Alilisoma mara ya pili, na Nadège akadhani ameumia.

"Unajua," akasema mwishowe, "ukifanya kazi yetu vizuri, mtu anafungua saa na haoni kwamba palipita mtu. Hakuna mkwaruzo, hakuna alama ya kidole. Huyu bwana amefungua, hakuniona." Akalikunja gazeti. "Niachie nimwonyeshe Mama."

Berthe aliposomewa maneno hayo, alisema tu, "Ana masikio ya mbao. Hakusikia hata pigo la pili."

Oktoba wakaitwa kwenye televisheni, kipindi cha Jumamosi mchana. Nadège alitaka Huguette aje, asimame nyuma ya kisanduku chake. Mwanamke wa kipindi akajibu kwa simu kwamba jukwaa linawatosha wawili, na kwamba, bila kumvunjia heshima mtu, umri wa bibi huyo ungewachanganya watazamaji. Nadège akasema basi hawaendi. Fabrice akasema hivyohivyo, ingawa alikuwa amekwisha kununua sweta mpya.

Huguette alishuka mwenyewe kuwasihi. "Nendeni. Mimi siwezi kumwacha Mama siku mbili, hilo moja. La pili, nikisimama pale nitafanya nini? Nitakitazama kisanduku. Hata hapa ninakitazama."

"Si haki," Nadège akasema, macho yamejaa.

"Si haki. Nenda hivyohivyo, uimbe. Na usivae ile blauzi ya kijani, kola yake hailali. Niletee ile nyeupe niipige pasi."

Siku ya kipindi jiko la Huguette lilijaa wanawake saba wa kiwandani, soseji ya Morteau ikichemka na viazi, televisheni aliyomwazima Fabrice imewekwa juu ya kabati la sahani. Nadège akatokea, mdogo katikati ya moshi wa rangi, kola ya blauzi yake nyeupe imelala kana kwamba imechorwa. Wanawake wakasogeza viti karibu. Wimbo ulipofika katikati Huguette akainama mbele.

"Hakijawashwa," akasema.

"Nini?"

"Kisanduku. Taa nyekundu haiwaki. Ni santuri inayopigwa. Na Nadège haimbi, tazameni shingo yake."

"Yaani umebaki nyumbani," Ginette akasema, "ukakosa kusimama nyuma ya sanduku lililozimwa."

Wakacheka mpaka Ginette akalazimika kuketi. Berthe peke yake hakucheka. Alikuwa kwenye kiti chake karibu na spika ya televisheni, kidole juu ya fimbo. Wimbo ulipokwisha akawageukia wanawake ambao wengi wao walikuwa wamemwogopa ujanani.

"Mwendo ni wa binti yangu," akawaambia. "Mwendo mzuri. Pigo la pili ni langu."

Huguette akaenda kutazama soseji, akakaa nayo muda mrefu kuliko soseji inavyohitaji.

Santuri ya pili, mwaka uliofuata, haikwenda popote. Kampuni ya Paris iliwataka warekodi kwao, na mashine zao, zinazokwenda sawa. Nadège alirudi amekonda, akaketi jikoni kwa Huguette bila kuvua koti.

"Nilikuwa nasikia mguu wangu umefungwa," akasema. "Nikawaambia pigo la pili lichelewe kidogo. Wakaniuliza kidogo kiasi gani, wanaandika namba. Nikasema sijui namba. Basi, yameisha, Bi Huguette. Watu wameshanisahau."

Huguette akavuta kiti. Hakuwa mtu wa kukumbatia, wala hakulelewa hivyo. Akamvua koti, mkono mmoja kisha mwingine, akalitundika, akamkatia mkate. "Kiwanda kilipofungwa," akasema, "nilikaa hapo ulipo wewe wiki nzima. Nilidhani mimi ndiye niliyekwisha. Kumbe ilikuwa meza tu. Kula."

Nadège akala. Mwezi uliofuata akarudi bwawani, safari hii kufundisha watoto, na siku za Jumapili akaja kula chakula cha mchana ghorofa ya tatu, jambo lililokuja kuwa la kila Jumapili. Fabrice alihamia Lyon kufanya kazi kwenye studio, na huko akamtaja Huguette kwa kila aliyelalamika kuhusu mashine. Basi masanduku yakaanza kuja: ya bendi za harusi za Dole na Belfort, ya kanisa moja la Lausanne, ya wanamuziki wenye nywele za rangi waliopanda ngazi kwa adabu na kuvua viatu mlangoni bila kuambiwa. Huguette aliwauliza wote swali moja: wanataka kiende sawa au kichechemee, na upande gani. Mwaka wa themanini na nne duka la dobi likatafuta mpiga pasi mwingine.

Berthe alifariki Machi ya mwaka uliofuata, usingizini, na wanawake wa kiwandani wakabeba jeneza lake.

Wanawake hao walikuwa na safari yao ya kila kiangazi kwenye ziwa la Saint-Point. Mwaka wa themanini na nane Nadège alialikwa. Walikuwa wanakula samaki wa kukaanga kwenye mgahawa wa ufukoni pale mwenye mgahawa, bwana mmoja mnene asiyemjua yeyote kati yao, alipoweka kanda ya nyimbo za zamani, na "Unywele" ukaanza kupigwa. Ginette akainua mkono kumwita amweleze. Huguette akamshika mkono huo, akaushusha mezani.

Hakutaka bwana yule ajue. Alitaka jambo jingine, na ilimchukua muda kulifahamu ni lipi. Kwa miaka sita aliusikia wimbo ule kama fundi, akihesabu, akingoja kasoro. Sasa mikono yake ilikuwa na mafuta ya samaki, jua lilikuwa kwenye maji, na alikuwa amesahau kuhesabu.

"Nadège," akasema, "huu unachezwaje?"

Nadège akamwangalia, kisha akasimama, akamnyooshea mikono miwili. Wakaenda kwenye nafasi kati ya meza. Huguette alikuwa na miaka hamsini na saba na viatu vya kutembelea. Hatua ya kwanza aliijua. Ya pili aliingoja, na ilipochelewa akacheka kwa sauti, akaikanyaga.